Aliyelipa Ada ya Pasipoti Yako

Muthoni,

Sitakuandikia habari za sweta, wala dawa za tumbo, wala mahali pa kufichia pesa safarini. Shangazi yako Nyokabi amekuimbia hayo tangu Jumapili, na masikio unayo. Hivi sasa uko kwake mnaombewa na kunywa chai ya kuagana. Nimekataa kuja. Watu wameulizia, najua, na umewaambia kwamba mgongo unaniuma. Mgongo wangu ni mzima. Sikuja kwa sababu sikutaka kusimama mbele ya wageni na kusema kwamba nimefurahi.

Sikutaka uende. Sitaki uende hata sasa, nguo zako zikiwa zimekunjwa na begi likiwa karibu na mlango. Sikukusomesha ili ukafue mashuka ya hoteli huko Doha. Hilo umelisikia mara nyingi, na jibu lako, lisilokuwa na adabu ya kutosha, ni kwamba kule Kamere ulikuwa ukifunga maua kwa mshahara usiotosha kodi ya chumba, nami sikuona aibu juu ya hilo. Basi. Hapo tumekwama, na kesho utaondoka tukiwa bado tumekwama.

Ninaloandikia ni ada ya pasipoti.

Najua utakunja uso. Utasema, "Mama, hiyo ilishaisha." Haijaisha. Tumenuniana nyumba nzima kwa ajili yake, na sikubali uipande ndege ukiwa na masimulizi yako peke yako.

Nianze na siku ya benki, kwa sababu wewe huisimulia vibaya. Uliniambia hapa jikoni kwamba maombi hujazwa kwenye mtandao wa Serikali, na kwamba malipo hufanywa kwa simu, au kwa kadi, au mtu hupewa nambari akaenda nayo benki. Katika maneno yako yote nilisikia neno moja tu, benki. Maisha yangu yote fedha za Serikali nimezipeleka benki nikarudi na karatasi yenye mhuri. Simu kwangu ilikuwa ya kununulia nyanya na kutuma rambirambi. Nikakuambia kwamba pasipoti ya mtoto wangu hailipiwi kama nyanya. Ukacheka. Nikachukua noti zangu, nikazifunga katika kitambaa, nikaenda Nakuru peke yangu, bila kukuuliza neno jingine.

Kijana wa dirishani katika ofisi ya uhamiaji aliniamkia vizuri. "Shikamoo, Mama. Lakini hapa hatupokei pesa taslimu."

"Nipe basi karatasi ya kupeleka benki."

"Hiyo nambari inatoka kwa mtandao, Mama. Msichana akijaza fomu, anapata bili. Hiyo bili unaeza lipa na simu, ama kadi, ama uende nayo benki. Bila nambari ya bili, hata benki hawajui unalipia nini."

Aliyasema kwa upole, na upole wake ndio ulionikera. Ningepata mtu wa kugombana naye ningerudi nyumbani Gilgil nikiwa na amani. Nikaenda benki hata hivyo. Msichana wa kaunta akaniuliza nambari ya bili. Nikamwambia kwamba nimefundisha watoto tangu mama yake hajaolewa. Akasema, "Sawa, Mwalimu. Na nambari?" Nyuma yangu mtu akanong'ona kwa sauti ya kusikika, "Huyu shosho akikosa cash atalipa na kuku." Foleni nzima ikacheka. Nikatoka bila kugeuka.

Ulipofungua mlango jioni ile nilikuambia kwamba pasipoti itangoja mpaka Serikali ipate akili. Ulingoja wiki moja, kisha ukaenda Naivasha.

Wewe hupenda kusema kwamba nilikusukuma. Nimelifikiria jambo hilo, nami silikatai. Nilikusukuma. Lakini miguu ilikuwa yako. Simu ulikuwa nayo, namna ya kulipa ulikuwa ukiijua kuliko mimi, na pesa zilikuwa katika kitambaa juu ya kabati. Ungeziomba mara ya pili ningekupa. Ningekutukana kwanza, kisha ningekupa. Ulichagua mtu asiyetukana.

Yule Karis wako, ajenti wa kazi za ng'ambo mwenye ofisi huko Naivasha juu ya duka la dawa za mifugo, hakutukana. Alikuambia, "Usijisumbue, dada, mimi nitakulipia. Utanirudishia ukianza kazi." Alikujazia fomu yeye. Akaunti ikafunguliwa kwa jina lako na kwa nambari yake ya simu, na neno la siri akalichagua yeye mbele yako. Ada ikatoka katika simu yake. Na kwa kuwa kila ujumbe ulikwenda kwake, siku pasipoti ilipokuwa tayari alijua kabla yako. Ulipotoka na pasipoti katika lango la ofisi pale Nakuru, alikuwa amesimama nje na chupa ya juisi. Ulipokea juisi, ukatoa pasipoti. "Anaihitaji kwa ajili ya viza," uliniambia. Viza ikaja. Tiketi ya mwajiri ikaja. Pasipoti haikuja. Ulipoidai alikuambia kwamba utaikuta uwanja wa ndege, baada ya kutia sahihi kwamba mishahara yako ya mwanzo itapitia mikononi mwake.

Ulirudi ukalia kitandani na viatu vyako. Hukuniambia siku hiyo. Nyokabi ndiye aliyeniambia.

Sasa nikueleze kwa nini sikulala, kwa maana unadhani ilikuwa hasira tu. Baba yako alinilipia karo ya chuo cha ualimu. Hilo unalijua, kila mtu hapa Gilgil alilijua, kwa sababu hakuacha kulisema. Mgeni alipoingia na kunisifu kwamba mimi ni mwalimu, yeye alijibu, "Mwalimu wa mfuko wangu." Nilipomwambia kwamba ng'ombe wameuzwa kwa bei mbaya, alijibu, "Hesabu hizo ni nani aliyekulipia ujifunze?" Cheti changu cha ualimu alikiweka katika sanduku lake la bati, na ufunguo ukawa kiunoni mwake. Nilipokihitaji ili nipandishwe daraja, nilikiomba. Alinijibu kwamba atakitafuta. Nikaomba tena. Alikuwa anataka kuniona nikiomba, ndiyo sababu. Ulikuwa mdogo, ulikuwa ukicheza na kuku nje, na pengine uliniona nikisimama mlangoni mwa chumba chake kama mtoto aliyechelewa shuleni. Alikuwa mume wangu na sikumchukia kila siku. Lakini alipokufa, kabla ya kutafuta shuka la kumfunika, nilikwenda kiunoni mwake nikauchukua ufunguo. Nyokabi aliniona. Hajawahi kunitajia.

Kwa hiyo nilipojua kwamba mwanamume mwingine ana karatasi ya mtoto wangu katika droo kwa sababu alilipa, nilivaa viatu.

Ulikuja nami Naivasha, lakini ulikataa kupanda ngazi. Ulisimama chini karibu na magunia ya chakula cha ng'ombe ukijifanya unasoma simu. Hukuona yaliyotokea huko juu, na nilikataa kukusimulia kwa sababu ulikuwa umenikasirikia. Nakusimulia sasa.

Palikuwa na benchi, na wasichana watatu wa umri wako walikuwa wamekaa wakingoja. Karis alikuwa nyuma ya meza. Hakusimama.

"Mathe, karibu. Kaa."

"Sikuja kukaa. Nimekuja kuchukua pasipoti ya Muthoni."

"Muthoni ni mtu mzima. Aje mwenyewe."

"Alikuja, ukamrudisha akilia. Sasa nimekuja mimi, na mimi silii."

"Mathe, tulia, hapa si shule. Hiyo paspoti nimelipia mimi. Pesa yangu."

"Ulilipa ada," nikamwambia. "Hukununua kitu. Pasipoti ni mali ya Serikali, na wa kuitumia ni Muthoni. Wewe unaingia wapi?"

Akatabasamu. "Mimi ni ule mtu alisaidia msichana wako wakati mamake alikuwa anazunguka benki za Nakuru na pesa kwa kitambaa."

Benchi ikacheka. Muthoni, hapo nilijua kwamba ulinisimulia kwake. Ulikaa katika kiti kile, mbele ya mtu yule, ukamchekesha kwa kitambaa changu. Ningeweza kugeuka na kushuka ngazi. Nilifikiria kugeuka.

"Sikiza, mathe," akasema. "Mimi si mtu mbaya. Nipe pesa yangu na kitu kidogo ya usumbufu, tumalizane. Cash."

Kitambaa kilikuwa ndani ya mkoba. Nilikuwa nimekibeba kwa sababu mimi ni yule yule. Mkono wangu ulikuwa umeshakigusa nilipouliza, kwa mazoea tu, "Utanipa risiti?"

"Risiti ya nini, mathe? Si tunaaminiana?"

Nikautoa mkono mtupu. Jambo ambalo kijana wa Nakuru alinieleza kwa upole na nikalikataa, Karis alinifunza bila kukusudia. Noti haina mdomo. Ningempa zile noti, kesho angesema hajapokea kitu, na ungekuwa mdaiwa wake hadi uzeeni. Nilikuwa nimeringia karatasi na mihuri maisha yangu yote, na bado nilikuwa karibu kumwachia mwizi pesa zisizokuwa na jina.

"Nitakutumia kwa simu," nikasema.

"Simu yangu iko na shida."

Simu yake ikalia papo hapo juu ya meza. Msichana mmoja wa benchi, mwembamba, mwenye kitambaa chekundu kichwani, akasema, "Boss, shida inakupigia." Hata mimi nilicheka, Mungu anisamehe.

"Nambari yako ninayo," nikamwambia. "Uliiweka mwenyewe katika akaunti ya mwanangu. Nitatuma ada ile ile iliyo katika risiti ya Serikali, bila nyongeza. Ujumbe utabaki kwangu na kwako: fulani amepokea kutoka kwa fulani."

"Na usumbufu?"

"Usumbufu niliupata mimi. Nitajilipa mwenyewe."

Nikatoa simu. Unajua jinsi ninavyobonyeza, kwa kidole kimoja, nikisoma kila neno kabla ya kuendelea. Nililisoma jina lake lote kwa sauti lilipotokea kwenye kioo, majina matatu, kama ninavyoita darasa. Hakupenda kusikia majina yake matatu. Nikatuma. Simu yake ikalia mlio mfupi.

"Sasa, pasipoti."

"Mathe, hujui kitu unaingilia."

Yule wa kitambaa chekundu akasimama. "Na mimi nikutumie hivyo hivyo, boss? Toa na yangu." Wa pili naye akaanza kutafuta simu ndani ya mkoba.

Karis aliwatazama, akanitazama, akafungua droo. Hakunipa kwa sababu ya haki. Alitaka nitoke kabla wenzako hawajajifunza. Aliitupa juu ya meza ikateleza mpaka kwangu. "Chukua! Na msichana wako asikanyage hapa tena."

"Hilo ndilo neno la maana ulilosema leo," nikamwambia, nikashuka.

Nilishuka na pasipoti moja, Muthoni. Ndani ya droo zilikuwamo nyingine, niliziona kwa macho yangu, na wasichana wale walikuwa wamesimama. Sikungoja kuona kama walipewa. Nilikuwa nimepata yangu.

Yangu. Ndivyo nilivyoiita ndani ya kichwa changu tangu ngazi ile. Chini ulininyooshea mkono, nikaiweka katika mkoba nikasema tutaipeleka nyumbani. Nyumbani nikaiweka katika sanduku la bati nikafunga. Nilijiambia kwamba ni kwa usalama. Uliiomba siku iliyofuata nikasema nitaitoa. Uliiomba tena juzi ukiwa umesimama mlangoni mwa chumba changu, na uliponiona nikiendelea kushona kifungo bila kuinua macho, ukasema maneno ambayo nimeyabeba tangu juzi: "Kumbe nimehamishwa tu. Karis ana droo, na wewe una sanduku la Baba."

Nikapiga meza. Nikakuambia, "Ni mimi niliyelipa!"

Nililisikia neno lile likitoka kinywani mwangu na nikaijua sauti. Nilikuwa nimeisikia katika nyumba hii hii kwa miaka mingi, nikiwa nimesimama pale pale uliposimama wewe.

Usidhani nakuomba radhi. Nilikuwa nikitumaini kwamba ndege itaondoka bila wewe, na kwamba baada ya mwezi mmoja utakuwa umenisamehe na tutakuwa tunapanda viazi pamoja. Nilikuwa na njia ya kukuzuia iliyokaa kimya ndani ya sanduku, bila kupiga kelele, na nilifurahia kuwa nayo. Sasa unajua mama yako ana uwezo wa kufanya nini. Ni vizuri uende ukilijua, kwa sababu huko utakutana na watu wapole kuliko mimi na kuliko Karis. Mmoja atasema anakutunzia pasipoti isipotee. Mwingine atasema ni utaratibu wa nyumba. Atakayekulipia kitu hatakosa kutabasamu. Baba yako alitabasamu siku alipolipa karo yangu. Nakumbuka hata shati alilovaa.

Akaunti ile ya mtandao bado ina nambari ya Karis. Ulipaswa kuibadilisha wiki iliyopita badala ya kwenda kununua mkoba mpya. Ibadilishe kabla hujapanda ndege, nambari na neno la siri. Na muda wa pasipoti hii ukimalizika ukiwa huko, na utake mpya, uliza kwanza kwa wenyewe wanapokea malipo ya namna gani, kisha lipa wewe, kwa simu yako au kadi yako, jina lako liwe la mwombaji na jina lako liwe la mlipaji. Usimtafute mtu mwema wa kukusaidia. Usiende na noti katika kitambaa kama mjinga ninayemjua.

Limebaki jambo la ada niliyotuma kwa Karis. Nyokabi anasema nikupe iwe zawadi ya safari. Sikubali, na sababu ni kwamba najijua. Nikikupa zawadi, nitaitaja. Nitaitaja kila Krismasi. Atakuja mgeni, atasema, "Muthoni ametulia huko," nami nitasema, "Nani aliyemtoa?" na nitajisikia vizuri kwa kulisema. Kwa hiyo utanilipa. Mshahara wa kwanza ukiingia, nitumie ada yote, isipungue wala isizidi, kwa simu, jina kwa jina. Usiufute ujumbe ule. Siku nitakaposema mbele ya watu kwamba nilikupeleka mimi, unioneshe, hata kama kuna wageni. Hasa kama kuna wageni.

Nimeitoa pasipoti. Iko mezani chini ya barua hii, na juu yake nimeweka kikombe kwa sababu dirisha halifungi vizuri. Mlango wa nje sitautia kufuli. Wa chumbani kwangu nitaufunga kwa ndani. Alfajiri usinibishie hodi, wala usinong'one mlangoni kwamba unaondoka. Nitakuwa macho na nitakusikia ukivaa viatu. Lakini nikiuona mkono wako ukiichukua, sina hakika wangu utafanya nini.

Ichukue uende.

Mama yako